Maswali ya Wasomaji: Kujumlisha Sehemu Zenye Asili Tofauti

SWALI: Nimejumlisha 2 3/4 na 1 5/6 nikapata 3 8/10. Nimeambiwa si sahihi. Nimekosea wapi?

JIBU: Namba nzima ziko sawa, 2 + 1 = 3. Kosa liko kwenye sehemu: umejumlisha kiasi kwa kiasi, kisha asili kwa asili. Asili, yaani namba ya chini, hutaja ukubwa wa kipande. Kiasi, cha juu, ndicho kinachohesabu vipande. Robo na sudusi hazilingani ukubwa, kwa hiyo hazihesabiki pamoja mpaka zikatwe upya. Na jibu lako lenyewe linajisema: 8/10 ni ndogo hata kuliko 5/6 uliyoanza nayo. Umeongeza, halafu kimepungua!

Tafuta Kigawe Kidogo cha Shirika (KDS) cha 4 na 6. Vigawe vya 6 ni 6, 12, 18… Cha kwanza kinachogawanyika kwa 4 ni 12. 4 inaingia katika 12 mara 3, basi zidisha juu na chini kwa 3: 3/4 inakuwa 9/12. 6 inaingia mara 2: 5/6 inakuwa 10/12. Wengi hubadilisha asili wakasahau kiasi, wakaandika 3/12. Hapo thamani imeshaharibika.

Sasa 9/12 + 10/12 = 19/12. Asili inabaki 12. Hii ni sehemu guni, kwa sababu 12/12 ni 1 kamili: 19/12 = 1 7/12. Hiyo 1 iongeze kwenye 3, upate 4 7/12. Usiache 3 19/12, na usiandike 3 7/12 ukaitupa 1 njiani.

SWALI: Je, si rahisi zaidi kugeuza zote kuwa sehemu guni kwanza?

JIBU: Kwa namba ndogo, sawa: 11/4 + 11/6 = 33/12 + 22/12 = 55/12, yaani 4 7/12 ileile. Ila jaribu 14 5/12 + 23 7/18. Utajikuta na 173/12 + 421/18, kisha 519/36 + 842/36, kisha ugawanye 1361 kwa 36. Ukitenga namba nzima, unabaki na 15/36 + 14/36 = 29/36, na jibu ni 37 29/36. Sisi tunapendelea kutenga. Sehemu guni itumie kuhakiki.

SWALI: Nikizidisha asili zenyewe badala ya kutafuta KDS?

JIBU: Hukosei. Kwa 12 na 18 utapata 216, na jumla ya sehemu itakuwa 90/216 + 84/216 = 174/216. Lazima sasa urahisishe kwa kugawanya juu na chini kwa 6 ili ufike 29/36. Kazi uliyoikwepa mwanzoni umeikuta mwishoni, tena kwa namba kubwa. Asili zisipokuwa na kigawo cha shirika zaidi ya 1, kama 5 na 7, kuzidisha ndiyo KDS yenyewe.

SWALI: Na kwenye kutoa, 5 1/4 − 2 2/3?

JIBU: KDS ni 12: 5 3/12 − 2 8/12. 3 haitoshi kutolewa 8, kwa hiyo azima 1 kutoka 5. Hapa ndipo wengi huongeza 10 kwa mazoea wakapata 13. Moja uliyoazima ni 12/12, hivyo unapata 4 15/12 − 2 8/12 = 2 7/12.