Maswali na majibu: "Uvimbe umeisha, nivae nii-kepu gani nicheze ligi?"

SWALI: Shikamoo daktari. Nacheza netiboli, namba GD, yaani mlinzi wa goli, timu yetu iko ligi kuu. Wiki tatu zilizopita mazoezini niliruka kukata pasi, nikatua na mguu mmoja, goti likaingia ndani nikasikia kitu kimesema "tak". Hakuna aliyenigusa. Likavimba kabla hata sijafika nyumbani. Eksirei nimepiga wakasema mfupa hauna shida. Nimechuliwa mara tatu na mama mmoja anajulikana sana huku Mbagala, akasema mshipa ulikuwa umeruka na ameshaurudisha, na kweli uvimbe umeisha natembea vizuri, ila nikishuka ngazi goti kama linaniachia. Ligi inaanza wiki tano zijazo. Ninunue nii-kepu gani, ile ya kuvaa kubana goti, ya vyuma au ya kawaida? Na kuna mwenzangu kaniambia ipo sindano unachoma siku ya mechi husikii kitu, ina madhara?

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Mimi sio daktari, ni mtu wa fiziotherapia, ila nimeshazoea, Bongo hii ukionekana tu na koti jeupe umeshakuwa daktari.

Nii-kepu nunua yoyote, hata ya maua, kwa sababu kwa goti ulilolieleza hakuna ya dukani itakayokulinda ukiruka na kutua kwa kasi ya ligi. Ya kitambaa inabana ngozi na kukupa joto basi. Ya vyuma inasaidia kidogo, ila haiwezi kuushika mfupa wa chini usichomoke mbele au usijizungushe wakati mwili wote uko juu yake. Sindano nitaifikia.

Sijalishika goti lako, kwa hiyo nasema kwa tahadhari: umetua mwenyewe bila kuguswa, umesikia "tak", limevimba ndani ya masaa machache na sasa linaachia. Ukimpa mtu yeyote wa goti hizo habari nne atakwambia hii ni ACL imekatika mpaka vipimo viseme vinginevyo, yaani ile ligamenti, kamba ngumu inayounga mfupa na mfupa, iliyo ndani ya goti. Uvimbe unaokuja haraka hivyo mara nyingi ni damu imejaa ndani ya goti, ule wa kuamka nao kesho yake ndio huwa maji. Na eksirei uliyopiga ni sahihi kabisa, mfupa hauna shida, tatizo eksirei haioni ligamenti. Nikipewa shilingi kwa kila mchezaji anayeniletea ile picha nyeusi akisema "nimepima niko poa" ningekuwa nimeshajenga Kigamboni.

Sasa huyo mama na mshipa wake. Naomba nikae hapa kidogo maana hapa ndipo mnaponitoa roho.

Kiswahili chetu cha mtaani kimetuponza, mshipa ni wa damu, mshipa ni wa fahamu, kano nayo mshipa, ligamenti mshipa, hata ngiri ni mshipa! Kwa hiyo mtu akikwambia mshipa umeruka muulize upi, akuoneshe kwa kidole ulipokuwa na ulipohamia. ACL ina urefu wa kama sentimita 3, imekaa katikati kabisa ya goti, mfupa wa paja juu, mfupa wa muundi chini, pia ya goti mbele. Hakuna kidole cha binadamu kinachoifikia kutoka nje, awe na mafuta ya nazi, ya karafuu au ya nyonyo. Na hii kitu hairuki wala haihami, inakatika kama kamba, na ikikatika yote kwa kawaida haijiungi yenyewe ikarudi na nguvu ya kuchezea ligi. Sasa yeye alirudisha nini, wapi?

Utaniambia mbona uvimbe umeisha. Umeisha kwa sababu damu ile mwili unaifyonza wenyewe, wiki mbili tatu hivi, uchuliwe usichuliwe. Wahenga walishasema hata jogoo asipowika kutakucha, mama amewika mara tatu na amelipwa kwa ajili ya alfajiri. Halafu kitu kinachowadanganya wengi ni kwamba goti lisilo na ACL likitulia haliumi sana, unatembea vizuri, unapanda mwendokasi, unasimama foleni unaenda sokoni, maana kwenda mbele moja kwa moja hakuhitaji sana ACL. Inahitajika siku unageuka ghafla. Ndio maana kwenye ngazi unaliona linaachia, hilo ni goti lenyewe linakuambia ukweli na wewe unamsikiliza mtu mwingine.

Na kuchua sio kwamba hakuna madhara. Goti bichi lililojaa damu ukilikanda kwa maji ya moto siku ya kwanza unaongeza kuvuja na kuvimba. Msuli wa paja uliopigwa ukavilia damu, ukiukandamiza kwa nguvu unaweza kuotesha mfupa ndani ya nyama, nimeshaona, sio hadithi. Kuna binti mmoja, mchezaji mzuri tu, alikuja kwangu miezi 7 baada ya kuumia, alichuliwa, akacheza bonanza, goti likaachia, akachuliwa tena, akacheza tena, ikawa hivyo hivyo. Alipokuja ACL haikuwa tena tatizo kubwa, zile sahani mbili za gegedu zinazokaa kati ya mifupa moja ilikuwa imechanika vibaya, ikabidi ipunguzwe. Hiyo haioti tena, na goti lake linaanza kulika mapema wakati yeye bado kijana.

Ndio maana sindano naiogopa kuliko hata kuchua. Ya ganzi au ya diklofenaki, dawa ya maumivu, kabla ya mechi inaondoa maumivu, goti linabaki limelegea vile vile, na maumivu ndio kitu pekee kilichokuwa kinakuzuia usilimalize. Stiroidi, dawa kali ya kushusha uvimbe, ikichomwa ndani ya goti, hasa ikirudiwa rudiwa, inaharibu gegedu, na ikichomwa na mtu wa duka la dawa nyuma ya pazia bila usafi unaweza kupata usaha ndani ya goti, hiyo ni dharura ya kulazwa. Huyo mwenzako muulize nani alimchoma.

Na tukumbuke mchezo wenyewe. Kwenye soka ukipokea mpira unaendelea kukimbia, kwenye basketi unadunda, kwenye netiboli ukidaka hewani lazima usimame hapo hapo, mguu ulioanza kutua ukiunyanyua usiurudishe chini kabla hujatoa mpira, na una sekunde 3 tu. Kwa hiyo breki zote za mwili zinapigwa kwenye goti moja, tena sisi mara nyingi tunacheza juu ya saruji. Wewe GD ndio kabisa, kazi yako ni kuruka ukikata pasi za GA, mfungaji unayemkaba, huku unageuka, robo 4 za dakika 15. Na ligi yetu mara nyingi timu zinakusanywa kituo kimoja mechi zinafuatana siku hata siku, wenzetu Australia kwenye Super Netball timu 8, kila moja mechi 14 kabla ya fainali, na kwa kawaida ni mechi moja kwa wiki, na bado magoti yanakatika. Kiera Austin alikatika ACL 2021, msimu wake ukaishia pale, na 2023 yuko Cape Town anabeba Kombe la Dunia na Australia. Hakurudi baada ya wiki nane kwa nii-kepu.

Kwa hiyo ligi hii mdogo wangu isahau, najua inauma na najua namba inagombaniwa. Nenda hospitali ya rufaa iliyo karibu, kwako naona Temeke, omba uonwe na daktari wa mifupa, uvimbe ukiwa umeshuka hivi ndio wakati mzuri wa kulipima kwa mikono, halafu MRI, kipimo cha picha kinachoiona ligamenti. Wakithibitisha, MOI, taasisi ya mifupa pale Muhimbili, wanafanya upasuaji wa kamera wa kuweka ligamenti mpya. Sio kila aliyekatika lazima apasuliwe, mtu wa ofisini anaweza kuishi na mazoezi tu, ila kwa netiboli ya ligi kuu mara nyingi itabidi. Kurudi uwanjani sio chini ya miezi 9, na hata hiyo 9 ni mpaka mguu ule urukie karibu sawa na mwenzake ukipimwa, kalenda peke yake haitoshi. Wakati unasubiri anza mazoezi ya paja na mtu wa fiziotherapia, usikae tu, goti likifika kwenye chumba cha upasuaji likiwa limekakamaa na paja limesinyaa unajiongezea miezi.

Makocha na nyie mnaosoma kimya kimya, hili linawahusu kuliko hata yeye. Kuzunguka uwanja mara tatu mkiimba sio kupasha. Netball Australia wana programu yao inaitwa KNEE, ipo bure mtandaoni, ni dakika chache za kufundisha kutua: magoti yapinde, yasiingie ndani, kifua kisianguke, mguu mmoja mmoja, kabla ya kila zoezi. Haihitaji kifaa chochote. Lakini bado naona timu ina bajeti ya jezi mbili mbili na hela ya mchuaji anayekaa benchi na chupa ya mafuta, mtu wa fiziotherapia hakuna, na binti akianguka kelele ya kwanza utakayoisikia ni "mchueni arudi!". Akilia ameshikilia goti na kasikia "tak" msimsimamishe, msimjaribu kumkimbiza pembeni, msimchue. Mbebeni, barafu, bandeji, mguu juu, hospitali.

Na wewe kama mama wa Mbagala amekupangia siku ya nne, usiende.