Barua kwa Mwalimu: Kizuizi cha Isiolo

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Marehemu babu aliendesha lori la mizigo. Alikuwa akisema kwamba zamani hukuvuka Isiolo bila kibali. Ni kweli? (Msomaji, Mombasa)

JIBU: Marahaba mwanangu. Ni kweli tupu. Kaskazini yote, Garissa, Wajir, Mandera, Moyale, Marsabit na Isiolo yenyewe, Waingereza waliiita Wilaya ya Mpaka wa Kaskazini. Sheria ya 1902 iliwapa uwezo wa kuifunga, mtu asiingie wala kutoka bila kibali. Ile ya 1934, mbaya zaidi, iliruhusu kabila zima kuadhibiwa na mifugo yake kuchukuliwa kwa kosa la mtu mmoja. Shule na barabara hawakujali. Walitaka kinga dhidi ya Ethiopia na Waitaliano wa Somalia.

Uhuru haukufungua mlango. Vita vya shifta, wapiganaji waliotaka kaskazini ijiunge na Somalia, viliwaka, na hali ya hatari iliyotangazwa Desemba 1963 iliondolewa 1991!

Nilifundisha Wajir, nikapapenda: nyumba nyeupe, visima vifupi vyenye maji ya chumvichumvi, ngamia wakisubiri zamu alfajiri. Wanafunzi wangu wakisafiri Nairobi walisema wanakwenda Kenya. Iliniuma, na bado inaniuma.