Kabla ya kuhesabu mizinga: kwa wanaoanza kusoma manowari za tanga

Wanafunzi wapya wa historia ya bahari, na hata waongoza watalii wa Unguja, huniuliza kwanza manowari fulani ilikuwa na mizinga mingapi. Swali hilo si baya, ila likitangulia litakupoteza. Tuichukue HMS London (HMS ni alama ya manowari za Uingereza), kwa sababu ilikaa bandari ya Zanzibar tangu 1874 hadi 1883 na habari zake zinatuhusu.

Manowari za Uingereza zilizoitwa London ni nyingi. Moja ilishushwa majini Chatham mwaka 1766 ikiwa na mizinga 90. Nyingine, ndiyo iliyokuja Zanzibar, ilishushwa Chatham hapo hapo mwaka 1840, nayo ikiwa na mizinga kama 90. Jina moja, kiwanda kimoja, idadi ya mizinga inakaribiana. Usipoandika mwaka wa kushushwa majini kando ya jina, kila mara, utajikuta umeipeleka Zanzibar meli ambayo haikufika. Iwe mazoea yako tangu siku ya kwanza.

Sasa tazama tofauti yake. Ile ya 1766 ilipanga mizinga katika sitaha tatu, na sitaha yake ya mizinga ilikuwa na urefu wa karibu mita 54. Ya 1840 ilitosheka na sitaha mbili kwa sababu ilizidi mita 62. Kwa nini mafundi wa zamani hawakurefusha tu? Kwa sababu meli ya mbao ikiwa ndefu hulegea. Tumbo lake ni pana, maji huliinua. Omo (mbele) na tezi (nyuma) ni nyembamba, maji hayazibebi vizuri, na bado zina mizinga juu yake. Miaka ikipita ncha mbili hushuka, mkuku (mti mkuu wa chini) unapinda, viungo vinaachia, kalafati inayoziba nyufa inatoka na maji yanajaa ngamani, chini ya meli.

Dawa yake aliileta Robert Seppings, aliyesanifu London ya 1840. Alifunga mbao za mshazari ndani ya mataruma (mbavu za meli), kama fundi anavyopigilia ubao wa mshazari nyuma ya mlango wa mbao ili usilale. Mataruma ya kusimama na mbao za kulala peke yake hukubali kuyumba, mshazari haukubali. Likikuingia hilo, hesabu ya mizinga itajieleza yenyewe.

Nakushauri sana ukayaone kwa macho. Aliye karibu na Nungwi aende kwa mafundi wa majahazi, aombe kuonyeshwa mkuku na mataruma kabla mbao za ubavuni hazijafunika. Atakayepata safari ya Uingereza aende Dundee, Uskoti, kwenye HMS Unicorn ya 1824, ashuke hadi chini kabisa. Mfumo wa Seppings umo humo.

Kuhusu utumishi, usisome vita peke yake. London ya 1840 ilipiga mizinga Sevastopol, katika Vita vya Krimea, tarehe 17 Oktoba 1854, ikafungwa injini ya mvuke 1858, kisha kazi yake kubwa pwani yetu haikuwa ya mizinga. Sultani Barghash alikuwa ametia saini mkataba wa kufunga masoko ya watumwa Juni 1873. Mwaka uliofuata London ikaja na Kapteni George Sulivan kuwa kituo cha kusaka majahazi yaliyosafirisha watumwa: ghala, karakana, hospitali na makazi ya mabaharia. Meli ya ukubwa ule haiwezi kukimbizana na jahazi katikati ya miamba na mikoko ya Pemba. Waliokuwa wakikimbizana ni watu wa mashua zake. Basi ukiandika kwamba London "ilikamata" jahazi, tafuta ni mashua ipi, nani alikuwa ndani yake na upepo ulikuwa wa wapi.

Daftari za safari za meli zimehifadhiwa katika Hifadhi ya Taifa ya Uingereza huko Kew, jijini London, katika kundi la ADM 53. Zisome na kalenda ya kusi na kaskazi mkononi, maana safari za majahazi zilifuata pepo hizo. Chunga vipimo pia: "tani" za meli za zamani zilipigwa kutokana na urefu na upana, si uzito, na mzinga wa "paundi 32" ni uzito wa risasi yake, wakati mzinga wenyewe ungeweza kupita tani mbili.

Zoezi la kuanzia ni kifo cha Kapteni Charles Brownrigg, tarehe 3 Desemba 1881, karibu na Pemba. Alikuwa kamanda wa London, lakini aliuawa akiwa kwenye mashua ndogo ya mvuke pamoja na watu wachache. Jahazi alilolikaribia lilipeperusha bendera ya Ufaransa, na jahazi la bendera hiyo Waingereza hawakuruhusiwa kulipekua. Aliendea kukagua karatasi tu, hakujiandaa kupigana. Andika ukurasa mmoja ueleze kwa nini mizinga yote ya London haikumfaa kitu siku ile.