Muhuri wa mpakani si kibali cha kazi: kwa mnaotaka kuvuka kwenda Bujumbura na Kalemie

Wadogo zangu wa Kigoma, wa Mwanga, Ujiji, Kasulu na Buhigwe, haipiti wiki bila mmoja wenu kunipigia simu kuuliza nauli ya boti ya Kalemie, Kongo. Nauli ni jambo dogo. Ulizeni kwanza mtakuwa na karatasi gani mfukoni siku ya kwanza ya kazi, na mwisho wa mwezi nani atakiri kwamba alikuahidi mshahara. Mimi ni fundi marumaru. Nimefanya kazi Bujumbura, nikafanya na Kalemie, na haya ninayoyaandika niliyalipia kwa jasho.

Nianze na Jumuiya ya Afrika Mashariki, maana ndiyo inayowatia watu moyo. Burundi na Rwanda ziliingia Julai 2007. Itifaki ya Soko la Pamoja ilianza kutumika tarehe 1 Julai 2010. Sudan Kusini ikaja 2016, Kongo 2022, Somalia 2024. Kwa sisi wa Kigoma maana yake ni kwamba majirani wetu wawili, Burundi ya kule mpaka wa Manyovu na Kongo ya ng'ambo ya Ziwa Tanganyika, sasa wote wamo. Kijana akisikia "soko la pamoja" anajiona mwenyeji kabla hajafunga begi. Nami nilijiona hivyo hivyo.

Lakini itifaki yenyewe imetenganisha mambo. Kifungu cha 7 kinamhusu mtu anayesafiri: anagongewa muhuri, na kwa kanuni za Jumuiya anaweza kukaa hadi miezi sita bila kulipia. Kifungu cha 10 kinamhusu mfanyakazi, naye ana njia yake. Awe na mkataba. Mkataba ukizidi siku 90, aombe kibali cha kazi ndani ya siku 15 za kazi tangu aliposaini, na mamlaka impe jibu ndani ya siku 30. Tena si kila kazi imo. Kila nchi iliandika orodha ya kazi ilizozifungulia mlango, na orodha hizo hazifanani. Ya Tanzania yetu imejaa kazi za wasomi. Fundi wa mkono asijihesabu ndani mpaka aulize.

Mimi sikuuliza. Bujumbura niliingia kwa muhuri wa kutembelea, siku ya tatu nikashika mwiko. Wiki saba niliweka marumaru kwenye nyumba ya ghorofa, nikilala hapohapo juu ya mifuko ya saruji. Mwenye kazi alijua tangu mwanzo kwamba sina kibali, na kujua kwake ndiko kulikokuwa faida yake. Nilipodai fedha akaniambia taratibu, bila hata kukasirika, niende nikamshitaki. Ningeenda wapi? Hatua ya kwanza ya kushitaki ingekuwa kujitaja kwamba nafanya kazi isivyo halali. Nilirudi kwa mkopo wa nauli, pima maji na mashine yangu ya kukatia vikabaki kule. Wadogo zangu, mtu anayekuambia "kibali tutakishughulikia baadaye" mwombeni aandike neno hilo kwenye karatasi na kusaini. Uso wake utawapa jibu.

Kuhusu nyaraka nitasema haraka. Pasipoti ya kielektroniki ya Afrika Mashariki, ambayo Tanzania ilianza kuitoa Januari 2018, ni shilingi 150,000. Kitambulisho cha NIDA msikitegemee. Wanaovuka kwa kitambulisho cha taifa ni Wakenya, Waganda na Wanyarwanda wao kwa wao, kwa makubaliano waliyoanza kuyatekeleza 2014. Kadi ya chanjo ya homa ya manjano muwe nayo ya kweli. Tangu Julai 2016 chanjo hiyo inahesabika ya maisha, hata kama kadi yako ya zamani imeandikwa miaka kumi, kwa hiyo usikubali kuuziwa nyingine. Na pasipoti asikushikie bosi. Mpe nakala.

Kongo ni habari nyingine kidogo. Kujiunga na Jumuiya kulimalizika 2022, lakini kanuni kufika hadi kwenye dirisha la ofisa kunachukua muda wake. Mgeni anatakiwa awe na kadi ya kazi, na anayepaswa kuifuatilia ni mwajiri. Kwa hiyo mkataba uupate ukiwa bado Kigoma, umetumwa hata kwa simu, una jina la mwajiri, kazi, malipo na sarafu. Sarafu iandikwe! Kule ujenzi unalipwa kwa dola mara nyingi, na dola yenye mchaniko mdogo kuliko ukucha haipokelewi dukani. Ukilipwa, simama hapo hapo, inua kila noti kwenye mwanga, pitisha kidole pembeni. Nimemwona mwenzangu anapokea mshahara wa mwezi, na noti mbili zikamrudi kila alipokwenda. Burundi nako, faranga ina bei ya benki na bei ya mtaani, na kati yake mshahara unaweza kuyeyuka.

Lugha haitawasumbua. Buyenzi, mtaa wa Bujumbura, wanaongea Kiswahili, Kalemie wanaongea Kiswahili, ingawa fedha utasikia makuta na msimamizi utasikia kapita. Vita ndivyo vya kuangalia. Goma, huko mashariki mwa Kongo, ilitekwa Januari 2025, na hakuna itifaki inayozuia risasi. Sikiliza redio kabla ya kupanda boti, na familia iwe na namba ya mtu mmoja wa kule.

Sasa nije kwenye jambo ninalotaka mlishike kuliko yote. Kwetu Buha, nchi ya Waha, kwenda mbali kutafuta kazi hakukuanza na Jumuiya. Wakati wa Mwingereza mkoa huu ulitegemewa kutoa vibarua, na kuanzia miaka ya 1940 ofisi ya wenye mashamba ya mkonge, SILABU, ilikuwa ikiwasomba vijana kwenda Tanga na Morogoro. Waliitwa manamba kwa sababu ya namba waliyopewa. Babu yangu alikuwa mmoja wao. Alikuwa na kipande, kadi yenye vyumba thelathini. Ukimaliza kazi ya siku, chumba kimoja kinatiwa alama; vikijaa vyote ndipo unalipwa. Babu alituambia nyapara akikuchukia, siku yako haiandikwi, na aliyeishika kalamu ni nyapara.

Nilipokwenda Kalemie nilinunua daftari la mistari pale soko la Mwanga. Kila jioni niliandika tarehe, chumba nilichokifanyia kazi, mita za mraba, na chini yake kapita anasaini. Siku za kwanza alicheka, akaniuliza kama mimi ni mwalimu. Baadaye akizoea akawa analiita mwenyewe, "leta buku." Kazi ilipoisha patroni, yaani mwenye kazi, alihesabu mita 180. Daftari lilisema 212. Tukakaa chini, tukafungua ukurasa baada ya ukurasa, saini ya mtu wake iko kila mahali, hata ule ukurasa uliodondokewa na chai. Alinilipa 212. Hakufurahi, ila alinilipa, na kibali nilikuwa nacho.

Kanuni nazo zinageuka. Julai 2025 serikali yetu ilipiga marufuku wageni kufanya biashara 15, zikiwemo saluni, kutengeneza simu na kuhamisha fedha kwa simu. Wageni wenye saluni waliamka wakaambiwa leseni zao zikiisha hazitahuishwa. Jirani naye ana uwezo huo huo juu yako, kwa hiyo uliza upya kila unapovuka, usitegemee majibu ya mwaka jana.

Na jambo moja linaniuma. Warundi wanavuka Manyovu kuja kulima mahindi na maharage Kasulu na Buhigwe. Wapo wenye mashamba wanaowalisha msimu mzima kwa ahadi, na mavuno yakikaribia wanakwenda kuwataja kwamba hawana vibali, ili waondolewe bila kulipwa. Nimeliona kwa macho yangu. Ni lile lile nililofanyiwa Bujumbura.

Msimu uliopita, shambani kwa mama, nilimpa kijana mmoja wa kutoka kule daftari kama langu nikamwonyesha namna ya kuandika. Jioni ya kwanza alilileta. Alikuwa ameandika kwa Kirundi: siku, kipande cha shamba, alichopewa na anachodai. Mama hakusoma shule, ila Kiha, ndugu ya Kirundi, ndiyo lugha aliyozaliwa nayo. Kijana akamsomea, na mama akaelewa kila neno bila mkalimani. Akapaka wino wa kalamu kwenye dole gumba, akaligandamiza chini ya mstari.