Lebo ya mkanda isikudanganye

Mwaka wangu wa kwanza wa kuhariri makala za televisheni nilikabidhiwa dakika tatu za Uhuru wa Tanganyika. Nikapata kipande kitamu: umati uwanjani, kina mama wanapiga vigelegele, bendera inapepea. Maelezo yalisema Desemba 1961. Nikakiweka. Siku ya kutazama rasimu, mzee mmoja tuliyekuwa tumemhoji akaniita pembeni. "Mwanangu, ile bendera ya wapi?"

Nikarudi mezani, nikagandisha picha. Bendera ya Tanganyika ilikuwa na milia ya kulala. Hii mlia wake mweusi ulipanda mshazari, kutoka pembe ya chini hadi ya juu. Ya Muungano hiyo, kwa hiyo haiwezi kuwa kabla ya 1964. Picha haikuwa na rangi, sawa, lakini mshazari ulikuwepo, na nilikuwa nimeukodolea macho siku nne nzima.

Tanzania Bara haikuwa na televisheni hadi miaka ya 1990. Picha nyingi za kabla ya hapo ni filamu zilizopigwa na kitengo cha serikali au na wapiga picha wa nje, na lebo nyingine ziliandikwa mbali kabisa na tukio. Basi soma picha yenyewe: mabango ya maduka, namba za magari, sare za askari. Ukiona magari ya Dar es Salaam yanapita kulia, ujue mtu ameigeuza filamu. Na unapotafuta, tumia majina ya wakati ule. Kinshasa ya kabla ya 1966 utaipata kwa Léopoldville.

Halafu pesa. British Pathé, maktaba ya Uingereza ya filamu za habari za zamani, waliweka filamu 85,000 YouTube mwaka 2014, na vijana wengi wakadhani ni sadaka. Kutazama ni bure, kutumia unalipia. Kabla ya kusaini, uliza leseni inafika nchi zipi, kwa miaka mingapi, na kama mtandao umo. Mimi niliwahi kulipia televisheni tu; kituo kikapandisha kipindi mtandaoni, ankara ya pili ikaja kwa jina langu. Wenye maktaba wengine wana kiwango cha chini cha kulipia hata ukitumia sekunde tano, kwa hiyo ni nafuu kuchukua vipande vingi kwa mwenye maktaba mmoja kuliko kudokoa huku na huku.

Picha za zamani karibu ni mraba. Usizivute zijaze skrini, tafadhali, watu wanavimba mashavu. Acha nafasi nyeusi pembeni mwa picha.

Kile kipande sikukitupa. Nilikihamishia sehemu ya miaka ya baada ya Muungano, bila kutaja mwaka. Mzee akakitazama tena, akaridhika na bendera, kisha akauliza vile vigelegele nimevipata wapi. Filamu ilikuwa bubu. Nilivirekodi harusini Temeke.