Ada ya chuo kikuu, kodi ya asilimia 18, na mzazi anayebebeshwa vyote

Mzazi mmoja wa Dar es Salaam ametuandikia. Binti yake anasoma uuguzi Bengaluru, India, katika chuo binafsi kinachofundisha chini ya chuo kikuu cha serikali. Muhula huu ameletewa dai jipya: "ada ya ushirikishi pamoja na GST". Chuo kinasema chuo kikuu ndicho kimedai, chuo kikuu kinasema ni mamlaka ya kodi. Mzazi anauliza: alipe au agome?

Hapo kuna mambo mawili kwenye mstari mmoja, na lazima yatenganishwe. Ada ya ushirikishi ni pesa ambazo chuo binafsi hulipa chuo kikuu ili kikaguliwe na wanafunzi wake watunukiwe shahada ya chuo kikuu hicho. GST ni kodi ya bidhaa na huduma inayodaiwa juu ya ada hiyo. Kila moja ina kesi zake, na hoja inayoshinda kwenye moja haisaidii kwenye nyingine.

Tuanze na ada. Mwaka 1992, katika shauri la mamlaka ya maendeleo ya mji wa Ahmedabad, Mahakama ya Juu ya India ilisema chombo cha umma hakiwezi kutoza ada mpaka sheria ikipe uwezo huo waziwazi. Kwa hiyo chuo kinachotaka kupinga kiombe Sheria iliyoanzisha chuo kikuu, kanuni zake, muhtasari wa kikao cha baraza kilichopitisha kiwango, na tarehe kilipoanza kutumika. Kikikuta kilichopo ni waraka wa msajili peke yake, hapo ndipo pa kubana. Kiangalie pia kama kiwango kipya kimerudishwa nyuma kwenye miaka iliyokwisha kulipiwa.

Hoja ya "tunalipa kingi kuliko tunachopata" inapendwa sana, lakini ni dhaifu. Ni kweli kwamba shauri la Shirur Mutt la 1954 lilitofautisha ada na kodi kwa kuangalia huduma inayotolewa. Lakini mwaka 1983, katika shauri la Sreenivasa General Traders, mahakama ilisema hesabu haihitaji kulingana senti kwa senti, uhusiano wa jumla unatosha. Wala chuo kisitegemee kusema baraza la taifa la elimu ya ufundi, AICTE, limekiruhusu: Desemba 2020 Mahakama ya Juu ilikubali kwamba chuo kikuu cha teknolojia cha Kerala kinaweza kuweka masharti makali kuliko ya AICTE.

Kwenye kodi, Mahakama Kuu za majimbo hazijakubaliana. Tangazo namba 12 la 2017 la serikali ya India linasamehe GST kwa huduma ambazo taasisi ya elimu inawapa wanafunzi wake, pamoja na huduma zinazohusu udahili na mitihani. Je, ushirikishi ni sehemu ya udahili? Mahakama Kuu ya Karnataka, jimbo lenye Bengaluru, mwaka 2022 ilikipa ushindi Chuo Kikuu cha Sayansi za Afya cha Rajiv Gandhi, yaani hakidaiwi kodi, ila shauri hilo lilihusu kodi ya huduma ya zamani, kabla ya GST kuanza tarehe 1 Julai 2017. Telangana mwaka 2023 ikaamua kinyume. Tarehe 11 Oktoba 2024 serikali ikatoa waraka namba 234 ukisema ushirikishi unatozwa asilimia 18. Aprili 2025 Mahakama Kuu ya Bombay, tawi la Goa, ikakipa ushindi Chuo Kikuu cha Goa. Jimbo chuo kilipo lina uzito, na wakili anayekuhakikishia ushindi kabla ya kukuuliza jimbo, muogope.

Uchungu uko hapa. Ada ikiwa rupia 500,000, kodi ni 90,000. Kwa kuwa huduma ya kufundisha imesamehewa kodi, chuo hakiwezi kuikata hiyo 90,000 kwenye kodi inayokusanywa kwa wateja, kama wanavyofanya wafanyabiashara wengine. Inabaki kuwa gharama yake, na mkono unakimbilia mfuko wa mzazi. Lakini msamaha huohuo unamlinda mwanafunzi: chuo hakina ruhusa ya kumwandikia GST juu ya masomo yake.

Chuo chenye akili hulipa kodi hiyo kwa pingamizi la maandishi, kwa muamala tofauti na ada, kisha huomba kurudishiwa ndani ya miaka 2 chini ya kifungu cha 54 cha sheria ya GST. Sharti ni kuthibitisha kwamba mzigo hakikumsukumia mtu mwingine. Kikishawatoza wanafunzi, hakina tena haki ya kudai pesa hizo. Chuo kikuu chenyewe, kikiletewa hati ya madai ya kodi na kikashindwa hatua ya kwanza, kina miezi 3 ya kukata rufaa, na lazima kiweke asilimia 10 ya kodi inayobishaniwa.

Mzazi, omba mchanganuo wa maandishi, mstari kwa mstari. Omba nakala ya ankara ya chuo kikuu. Uliza pia kama kipengele hicho kimo kwenye ada iliyoidhinishwa na kamati ya ada ya jimbo. Kamati hizi za vyuo vya kitaaluma zilitokana na amri ya Mahakama ya Juu ya 2003, chini ya majaji wastaafu. Halafu tazama namba ya usajili wa GST kwenye risiti: ina herufi na tarakimu 15, na ya Karnataka huanza na 29. Ikiwa ni namba ya chuo chenyewe na umeandikiwa asilimia 18 juu ya masomo, andika barua ya kupinga siku hiyohiyo.

Mitihani ikiwa karibu na chuo kikatishia kumnyima binti kadi ya mtihani, lipa, mtoto asikose mtihani. Ila andika "nalipa huku nikipinga", na usipokee risiti iliyoandikwa "mengineyo". Iandikwe "GST juu ya ada ya ushirikishi", na kiasi chake kikae peke yake.