Kwa unayetaka kuandika katuni za watoto ukiwa Mtwara

Vijana wa hapa wanaotaka kuandika katuni za televisheni huniuliza kwanza kama lazima wahamie Dar es Salaam. Hapana. Studio ndizo ziko huko, kama Ubongo waliotuletea Ubongo Kids mwaka 2014, lakini skripti inasafiri kwa barua pepe. Mimi naandikia hapa hapa Shangani.

Kinachowakwamisha wengi ni kuandika kama wanaandika kitabu. "Asha alisononeka sana." Mchoraji achore nini hapo? Tuoneshe Asha anarudi kutoka shule kakumbatia daftari kifuani, anasalimia wakubwa bila kulishusha, mpaka mama anamtwika ndoo. Mikono inapanda, daftari linaanguka, na shati jeupe lina doa la bibo. Kila mtoto wa kusini anajua doa lile halitoki, na anajua mama atasema nini.

Halafu umwonee huruma anayechora. Kwa picha 24 kila sekunde, kipindi cha dakika 11 ni picha 15,840. Hata kila mchoro ukishika picha mbili, bado ni michoro 7,920. Kompyuta inasaidia sana siku hizi, ila umati bado ni mzigo. Ukiandika "wakulima mia wanabishana kwenye mnada wa korosho", mhariri atakata. Mfiche mtoto nyuma ya magunia: anaona ndala, mabuti na pindo za kanga, bei anazisikia tu. Mimi naona hata utamu unaongezeka.

Sauti kwa kawaida hurekodiwa kabla ya michoro kuanza kutembea, kwa hiyo mazungumzo yasome kwa sauti. Waite watoto wa jirani. Wakianza kuchezea mchanga, hapo pana maneno ya kupunguza.

Na tafadhali, usianze na funzo. Anza na mtoto anayetaka kitu na kinachomzuia. Ndugu watatu wakiwa na korosho 11 na hakuna anayekubali kupunjwa, hesabu itaingia yenyewe.

Kuna jambo linaniuma. Watoto wa Lindi wanawajua dinosaria wa katuni za Marekani, wakati Tendaguru, mkoani kwao, ndiko mifupa ya dinosaria aitwaye Giraffatitan ilikochimbwa kati ya 1909 na 1913, ikabebwa na wapagazi hadi bandari ya Lindi, na leo imesimamishwa kwenye makumbusho ya Berlin. Binti wa mpagazi anayemsumbua baba yake kwa maswali kuhusu mnyama huyo anatosha kubeba mfululizo mzima. Mwenye nguvu aandike, nitamsomea rasimu kwa moyo mmoja.

Unapotuma sampuli, tuma skripti moja iliyokamilika na ukurasa mmoja wa kuwatambulisha wahusika. Mkataba ukija, kifungu cha umiliki wa wahusika kisome kabla ya kile cha malipo. Studio ikitaka kuwachukua wahusika wako moja kwa moja, hilo lina bei yake, tofauti na ya skripti, na liandikwe kabla hujasaini.